Kumtia Mhusika Kasumba: Mwongozo kwa Waandishi Chipukizi wa Riwaya za Vijana

Vijana wanaokuja katika darasa letu dogo la uandishi la siku ya Jumamosi, hapa Wete, karibu wote huleta siku moja hadithi ya namna hii: nchi ya miaka ijayo, mtawala asiyeonekana, ukuta mrefu, watoto waliovalishwa sare za kijivu, na msichana mmoja anayegundua kwamba wenzake wamepoteza nafsi zao. Sina ugomvi na hadithi hizo. Riwaya za distopia, yaani zile zinazochora dunia iliyoharibiwa kwa mpango na mara nyingi kwa nia iliyoonekana njema, zinawaelea vijana kwa sababu wao wamo katika umri wa kuulizwa kila siku wao ni nani na wanataka kuwa nani. Kasoro niionayo ni kwamba kasumba yenyewe huandikwa mbio mbio. Mhusika huingia chumbani akiwa mzima, hutoka ameduwaa, na mwandishi hukimbilia mapigano. Mwongozo huu unahusu yale yaliyorukwa baina ya kuingia na kutoka.

Tuanze na neno lenyewe. Mwaka 1950 mwandishi wa habari wa Marekani, Edward Hunter, alilieneza katika Kiingereza neno lenye maana ya kuosha ubongo, ambalo alilifasiri kutoka Kichina. Kiswahili hakioshi. Kiswahili husema mtu ametiwa kasumba, na kasumba asili yake ni afyuni. Au husema mtu amelishwa maneno. Kwa mwandishi hiyo ni tofauti kubwa, maana kuosha kunaweza kwisha kwa siku moja, lakini afyuni huingia kidogo kidogo, tena ina ladha, na aliyeionja jana huifuata mwenyewe leo. Ukiiandika kasumba kama chakula cha kila siku utakuwa umeshaepuka nusu ya makosa ninayoyasahihisha.

Hatua ya kwanza: mjenge mtu kabla ya kumbomoa

Kosa hili nililifanya mimi mwenyewe, kwa hiyo nalieleza bila kumcheka mtu. Miaka kadhaa iliyopita niliandika sura kumi za riwaya ambayo wahusika wake walidungwa sindano ya kusahau. Nilijivunia sana ile sindano. Niliieleza rangi yake, ubaridi wake na jinsi ilivyopanda mkononi. Binti wa kaka yangu, ambaye wakati huo alikuwa na miaka kumi na minne, aliisoma sura ya kwanza na ya pili, akaniuliza, "Sasa ami, kabla ya sindano huyu alikuwa nani?" Sikuwa na jawabu. Nilikuwa nimemwibia mhusika kitu ambacho sikuwahi kumpa.

Basi kabla ya dola kuingia katika hadithi, andika kurasa za kutosha za mtu mzima. Usiorodheshe sifa zake, kwamba ni jasiri, mpole au mkaidi. Mpe vitu vitatu au vinne vinavyoweza kushikika, ambavyo baadaye utavichukua kimoja kimoja mbele ya macho ya msomaji. Nitatumia mfano mmoja mpaka mwisho wa mwongozo huu: msichana wa kubuni wa kaskazini ya Pemba, Riziki binti Faki, anayelelewa na bibi yake. Jioni za msimu wa karafuu hukaa naye ukumbini kuchambua. Riziki hushika kishada kwa mkono wa kulia, hukigandamiza juu ya kiganja cha kushoto, hukizungusha kidogo, na karafuu humwagika upande mmoja huku makonyo yakibaki mkononi; amefanya hivyo tangu ana miaka mitano, na ngozi ya kiganja chake cha kushoto imekuwa ngumu na ya hudhurungi. Jirani yake naye anaitwa Riziki, kwa hiyo wao ni masomo na hawaitani kwa majina: kila mmoja humwita mwenzake "somo" na huitikiwa "somo". Kila arudipo nyumbani, hata akiwa amekwenda dukani tu, bibi humuuliza, "Umekula?"

Mkono, somo na swali la bibi vinatosha. Jina la baba nalo ni hazina kwa mwandishi wa visiwa hivi, kwa sababu kwetu jina la mtu ni nasaba: ukisema Riziki Faki Kombo umeshataja vizazi vitatu. Historia yetu inajua vyema mtu hufanywaje akipokonywa jina. Sidi Mubarak Bombay, Myao aliyeuzwa utumwani akiwa mtoto, akapelekwa India, kisha akarejea Zanzibar na kuwaongoza wapelelezi wa Kizungu barani katika karne ya 19, anajulikana hadi leo kwa jina la mji wa watu. Mwandishi anayetafuta mfano wa nafsi iliyobadilishwa anwani hana haja ya kwenda mbali; soko la watumwa la Mkunazini lilifungwa mwaka 1873 tu.

Hatua ya pili: funga bandari kwanza, akili baadaye

Wanafunzi wangu hupenda mashine. Kofia za nyaya, dawa, miale. Riwaya za kigeni zinazo pia: katika Uglies ya Scott Westerfeld, ya mwaka 2005, kila kijana hupasuliwa akifika miaka kumi na sita ili awe mrembo, na upasuaji huohuo huharibu sehemu ya ubongo wake. Sikatazi mashine, lakini ijue kazi yake. Hufaa kama alama ya mwisho ya jambo lililokwisha kufanyika kwa njia nyingine, na haifai kuwa mbadala wa jambo hilo.

Kinachobadili watu katika maisha halisi ni mazingira. Mtaalamu wa magonjwa ya akili Robert Jay Lifton alizungumza na watu waliopitia magereza na vyuo vya kurekebisha fikra nchini China, na katika kitabu chake cha mwaka 1961 alitaja mambo manane yanayoonekana penye kasumba nzito. La kwanza ni kudhibiti mazingira: mtu asikie nini, azungumze na nani, na hata ajiambie nini akiwa peke yake. Mengine ni pamoja na kudai usafi usiofikika, kulazimisha watu waungame mbele ya wenzao, na kuitanguliza itikadi mbele ya yale mtu aliyoyaona kwa macho yake. Tena kuna jambo ambalo waandishi chipukizi hawalitazamii. Baada ya Vita vya Korea, wanajeshi 21 wa Marekani waliokuwa mateka walikataa kurudi kwao, na nchi nzima ikataharuki. Lakini maelfu walirudi, na hata wengi wa wale 21 walirejea miaka ya baadaye. Mazingira yakiondolewa, kasumba hulegea.

Sisi watu wa visiwani tumepewa bure kile ambacho waandishi wa bara inawabidi wakijengee ukuta. Kisiwa kina bandari. Katika hadithi ya Riziki, dola haianzi kwa kumgusa mtu. Inaanza kwa kupunguza safari za boti, mara kwa sababu ya upepo, mara kwa sababu ya matengenezo, hadi siku moja watu wanagundua kwamba wamesahau mara ya mwisho walipomwona mgeni akishuka Mkoani. Baadaye watoto wanahamishiwa dakhalia, yaani skuli ya bweni, kwa ajili ya masomo bora. Andika jambo hili polepole, na kila tangazo liwe na sababu ambayo mtu mwenye akili timamu angeikubali.

Hapa niweke tahadhari moja. Usikurupuke kufanya kila kukariri kuwa kasumba. Watoto wetu wanahifadhi Kurani chuoni, na wanahifadhi jedwali la kuzidisha skuli, kisha wanarudi nyumbani kubishana na wazee wao kuhusu mpira. Katika hadithi yako jiulize maswali mawili: je, mtoto huyu anaweza kuuliza swali asiadhibiwe, na je, jioni anarudi kwao? Jawabu likiwa ndiyo kwa yote mawili, umechora masomo ya kawaida, hata kama mwalimu ni mkali.

Hatua ya tatu: iingize kasumba katika sarufi

Hii ndiyo hatua ninayoisimamia kuliko zote. Dola za distopia hutengeneza lugha yao. Lifton naye aliitaja lugha iliyobebeshwa mizigo kuwa mojawapo ya yale mambo manane. Katika The Giver ya Lois Lowry, ya mwaka 1993, kumuua mtoto mchanga au mzee huitwa kumwachilia, na watu husherehekea kuachiliwa bila ya kujua wanachosherehekea. Hilo ni neno moja tu, na athari yake kwa msomaji ni kubwa. Lakini mwandishi wa Kiswahili anaweza kushuka chini zaidi ya neno, mpaka kwenye kiambishi, na huko msomaji huingiwa na baridi kabla hajajua inatoka wapi.

Tazama. Watoto wa dakhalia katika hadithi yetu wanaitwa miche. Ni jina zuri, la kisiwa cha mikarafuu. Mzazi gani atachukia mwanawe kuitwa mche unaomwagiliwa? Kila mche una nambari. Riziki ni Mche wa Arubaini na Mbili. Siku ya kwanza mlezi anapita mezani na kumuuliza, "Umekula?" Msomaji anatabasamu, kwa sababu ni swali la bibi. Riziki anajibu, "Nimekula, mwalimu." Mlezi anamrekebisha kwa upole: jawabu ni "Umekula." Riziki anadhani hakusikia vizuri.

Usieleze chochote hapo. Acha kurasa tatu zipite. Kisha weka asubuhi ambayo mtoto mwingine anaumwa na hakugusa uji wake, na mlezi anamripoti kwa mkubwa wake: "Mche wa kumi na tisa haukula." Hapo ndipo ukweli unapojitokeza, kwa sababu katika hali ya kukubali, "umekula" ya wewe na "umekula" ya mche hufanana, lakini katika kukanusha zinaachana: wewe ni "hukula", mche ni "haukula". Tangu siku ya kwanza mlezi hakuwa akizungumza na Riziki. Alikuwa akizungumza juu ya mche. Watoto wametolewa katika ngeli ya watu na kutiwa katika ngeli ya miti, na hakuna aliyepigwa kofi wala kudungwa sindano.

Ukishafungua mlango huo, mambo hufuatana yenyewe. Mche huu, si mche huyu. Mche umelala. Mche umevunjika, pale ambapo ungetarajia kusikia mtoto amekufa. Kazi yako ni kupanga mteremko wa Riziki mwenyewe ili msomaji auone katika vitenzi vyake. Mwezi wa kwanza anasema, "Mimi ni Riziki binti Faki, na bibi yangu ananisubiri." Mwezi wa tatu, "Naitwa Riziki. Bibi anasubiri." Utaona kwamba "-ni-" ya kunisubiri imedondoka, na bibi si wake tena. Mwezi wa sita, "Mche wa arubaini na mbili umeamka vizuri," naye anasema hivyo kwa uchangamfu.

Uchangamfu huo usiuache. Wanafunzi wengi huandika watu waliotiwa kasumba kana kwamba ni misukule, macho yamewatoka, sauti za kukwama. Msukule katika masimulizi yetu hana ulimi wala hiari, na ndiyo maana hatumhofii kwa dhati, tunamhurumia. Aliyetiwa kasumba ana ulimi, tena mwepesi. Anakusalimu vizuri, anakueleza kwa ufasaha kwa nini ni bora kutokuwa na baba, na anakuonea huruma wewe ambaye bado unaye. Mpe hoja nzuri. Kama hoja za dola haziwezi kumtikisa msomaji hata kwa ukurasa mmoja, basi humwonyeshi kasumba, unamwonyesha ujinga wa watu wengine. Ile jamii ya Lowry imefuta rangi, kumbukumbu na hiari, lakini imefuta pia njaa na vita, na kijana anayesoma hujikuta akipima bei. Katika hadithi ya Riziki, dakhalia ina milo mitatu, na kijijini kwao mwaka ule mvua zilikosekana.

Hatua ya nne: mpe mwenzake mmoja

Mwaka 1951 mwanasaikolojia Solomon Asch aliwaonyesha watu mistari na kuwauliza ni upi unaolingana na mwingine. Jawabu lilikuwa wazi, lakini mshiriki mmoja wa kweli alikaa na kundi lililopangwa lijibu visivyo. Takriban robo tatu ya washiriki walilifuata kundi angalau mara moja katika jambo ambalo macho yao yaliliona vingine. Alipowekwa mtu mmoja tu wa kujibu kwa usahihi, ufuasi ulianguka sana.

Kwa hiyo usimfanye shujaa wako aamke peke yake kwa sababu eti ni wa pekee. Hilo la mteule limechosha, na pia si kweli kuhusu binadamu. Weka mtu wa pili, na tendo lake liwe dogo kabisa. Katika mfano wetu ni mpishi wa dakhalia, mzee asiye na sauti katika mambo ya pale, ambaye siku moja anamwona mtoto amesinzia mezani na kusema, bila kufikiri, "Huyu amechoka." Ametumia "huyu" na "a-". Ukumbi wote umesikia. Andika kimya kinachofuata kwa uangalifu kuliko unavyoandika mapigano ya sura ya mwisho, kwa sababu ndani ya kimya hicho kila mtoto anachagua kama amesikia au hakusikia.

Hatua ya tano: mrudishe kwa taabu

Nafsi iliyochukuliwa kwa miezi sita hairudi kwa kukumbatiwa mara moja chini ya mvua. Katika Mockingjay ya Suzanne Collins, ya mwaka 2010, Peeta amepotoshwa kumbukumbu zake kwa sumu ya nyigu, na njia yake ya kurudi ni kuwauliza wenzake kuhusu kila anachokikumbuka kama ni kweli au si kweli, tena na tena, wala hapati uzima wote. Jambo la kujifunza hapo ni kwamba kurejea kuna zana yake, na zana hiyo ina kasi ndogo. Usiichukue ya mwenzako. Tafuta iliyo ndani ya hadithi yako.

Riziki ana mkono. Akili imesahau, lakini kiganja kinakumbuka. Mapema katika sura za dakhalia mwonyeshe mara moja tu, akiwa darasani, mkono wa kulia unajigandamiza juu ya wa kushoto na kuzunguka kidogo, na yeye mwenyewe hajui kwa nini. Asionekane na mtu. Anapokuja kutoroshwa na kufikishwa kwa bibi yake, bibi anauliza lile swali, "Umekula?" na Riziki anajibu kwa adabu, "Umekula." Bibi haelewi, anadhani anaulizwa yeye, na anajibu kwamba bado, anamsubiri mjukuu. Waache hapo kwa siku nyingi. Siku za kuanika zipite, karafuu zigeuke kutoka kijani kuwa nyeusi kwenye jamvi, huku wawili hawa wakiulizana swali moja wasielewane. Kisha msimu wa pili uingie, kikapu kimwagwe ukumbini, na mikono ya Riziki ianze kazi kabla yake. Bibi asiseme lolote la maana. Aulize tu kama kawaida, na jawabu liwe neno moja lenye nafsi ya kwanza ndani yake: "Sijala."

Usimwondoshee hasara yote. Labda rangi ya sauti yake haikurudi, labda akishtuka usiku anasema "mche umeota ndoto mbaya". Msomaji kijana anatambua haraka sana uponyaji wa kughushi.

Hatua ya sita: pitia rasimu kwa kalamu nyekundu

Futa kila sentensi inayotangaza kasumba, kama "akili yake ilikuwa imetekwa" au "hakuwa tena yule tunayemjua". Kama vitenzi vyako vimefanya kazi, sentensi hizo ni makonyo. Futa pia kila kidokezo kinachomlinganisha mtawala wako na mwanasiasa wa leo. Katika visiwa hivi wasomaji ni hodari wa kutafuta nani ni nani, na wakishampata hawaisomi tena hadithi, wanasoma mtaa. Kisha soma mazungumzo ya dakhalia kwa sauti, mbele ya mtu, maana ule mchezo wa "u-" na "a-" hushikwa na sikio kabla ya jicho.

Mwisho, mpe rasimu msomaji wa umri unaomwandikia na kalamu ya risasi, na mwombe jambo moja tu: aweke alama mahali anapohisi mhusika ameshaondoka. Nilipomaliza kuiandika upya riwaya yangu bila sindano, nilimpelekea yule binti wa kaka yangu. Nilitarajia alama yake iwe kwenye sura ambapo Riziki anataja nambari yake mwenyewe kwa mara ya kwanza. Aliiweka kurasa nne kabla, kwenye mstari ambao hata sikuupigia hesabu, pale jirani yake anapomwita kutoka upande wa pili wa ua, "Somo!", na Riziki anageuka kutazama ni nani anayeitwa.